Chumba Kimoja kwa Miaka Kumi

Jumamosi hiyo fundi makochi alipanda ngazi chumbani kwa mama mkwe wake, akabandika tepu katikati ya ukuta kutoka darini hadi sakafuni, akaanza kupaka rangi ya kijani upande mmoja tu. Upande wa pili aliuacha na weupe wake uliochujuka. Mama mkwe, ambaye alikuwa amekataa katakata kutolewa chumbani mwake kwa sababu ya rangi, alikuwa ameketi kitandani katikati ya chumba akiangalia kazi inavyokwenda.

"Sasa mkwe, mimi nilale upande wenu au upande wa benki?"

"Kichwa kiwe upande wetu, mama. Miguu waachie benki."

"Na nikigeuka usingizini?"

"Hapo utakuwa umevuka mpaka. Sitakutetea."

Mzaha huo ulikuwa na umri wa miaka kumi. Siku walipohamia katika nyumba hiyo, mkewe alimuuliza itakuwa yao lini. Angeweza kumjibu kwamba itakuwa yao baada ya miaka ishirini, kama mkataba wa mkopo ulivyosema, lakini miaka ishirini haishikiki. Kwa hiyo fundi aligawanya. Nyumba ilikuwa na vyumba vitano, ukihesabu jiko: miaka ishirini kwa vyumba vitano ni miaka minne kwa kila kimoja. Ikawa sheria ya nyumba. Chumba kikifikisha miaka yake minne kinapakwa rangi wanayoitaka wenyewe, na kabla ya hapo kinabaki na ule weupe waliokikuta nao, ambao watoto waliuita rangi ya benki. Katika chumba cha benki hakuna ruhusa ya kupigilia msumari. Fundi alikuwa amekulia katika nyumba za kupanga, ambako mwenye nyumba alipita na kidole akihesabu matundu ukutani siku ya kuhama, na hofu ile haikumtoka.

Sebule ilikombolewa kwanza, ikapakwa rangi ya samli. Miaka minne baadaye likafuata jiko, rangi ya manjano. Mwaka huu ulikuwa wa kumi, nusu ya safari, na fundi aliona si haki nusu ya safari ipite kimyakimya. Ndiyo maana alikuwa juu ya ngazi akipaka nusu ya chumba cha tatu.

Mtaani walimwita Springi. Hakuwa amebandikwa jina hilo kwa ajili ya kazi yake tu. Hakuwahi kukalia kiti chochote, kiwe cha hospitali, cha shule au cha msibani, kabla ya kukibonyeza kwanza kwa kiganja kusikiliza kilichomo. Karakana yake ilikuwa chini ya bati nyuma ya duka la vifaa vya ujenzi: fremu za mbao ukutani, sponji zimepangwa hadi darini, na katikati cherehani ya kushonea ngozi ambayo siku hizi iliruka mishono kama mtoto anayeruka madimbwi. Alihitaji nyingine. Kwa miezi minane alikuwa akipita dukani kuiangalia, na muuzaji alikwisha kuacha kumuuliza kama anataka msaada.

Kwa hiyo benki ilipompigia simu Jumatatu asubuhi, ilimkuta tayari ana njaa. Sauti ya upole ilimpongeza kwa miaka kumi ya kulipa bila kuchelewa hata mara moja, ikasema kuna nafuu kwa wateja wa aina yake. Rejesho lake la kila mwezi, ambalo lilikuwa karibu laki tano, lingeweza kushuka hadi laki nne, muda wa kulipa ukirefushwa kidogo. Alichotakiwa kufanya ni kufika na kitambulisho na kutia saini. Fundi alikata simu akaitazama ile cherehani yake kama mtu anayemtazama mfanyakazi mvivu siku ya mwisho wa mkataba. Laki moja kila mwezi: ndani ya mwaka angekuwa na mashine mpya.

Afisa mikopo alikuwa dada wa makamo, miwani shingoni, mezani kikombe cha chai kilichopoa. Fundi alikibonyeza kiti alichoonyeshwa. Sponji ilikuwa imekufa. Akakaa hivyo hivyo, lakini afisa aliona.

"Kimechoka, eh?"

"Kimekwisha, dada. Siku moja nitawatengenezea."

Karatasi zilikuwa tayari. Fundi alikwisha kuishika kalamu alipokumbuka furaha yake ya Jumamosi, akaona si vibaya kuigawa. Alimwambia afisa kwamba familia imefurahi sana kufika nusu, na kwamba nusu iliyobaki hata wakiirefusha kidogo haitawashinda.

Afisa hakucheka wala hakupongeza. Alivaa miwani, akaandika namba ya akaunti, akaigeuza skrini ili wote wawili waione.

"Nusu ya muda, ndiyo. Deni bado. Ulikopa milioni arobaini, na leo zimebaki milioni thelathini na mbili."

Fundi aliisoma namba ile mara mbili. Alikuwa amelipa karibu milioni sitini kwa miaka kumi. Hilo alilijua kichwani kama anavyojua urefu wa mkono wake. Aliuliza, kwa sauti ya mtu anayetafuta mahali pa kushikilia, milioni hizo zilikwenda wapi.

Afisa alimweleza taratibu. Kila mwezi benki huangalia deni lililobaki na kutoza riba juu yake, na riba hiyo hukatwa kwanza. Kinachobaki kwenye rejesho ndicho kinachopunguza deni. Deni likiwa kubwa, riba nayo kubwa, na kinachobaki ni kiduchu. Mwezi wake wa kwanza kabisa, katika ile karibu laki tano aliyoleta akiwa amevaa shati la Jumapili, elfu thelathini tu ndizo zilizogusa deni. Nyingine zote zilikuwa riba.

"Kwa hiyo riba ndiyo mgeni," fundi alisema polepole. "Anapakuliwa kwanza. Mwenye nyumba anakula makombo."

"Mwanzoni, ndiyo. Lakini makombo yanakua. Mwezi huu zaidi ya laki moja na elfu ishirini zitaingia kwenye deni. Miaka kumi hii ya pili ndiyo inayolipa nyumba."

"Na nikitia saini hapa?"

Kazi ya afisa ilikuwa kupata saini, lakini alikuwa ameulizwa swali la wazi. Alibonyeza tena, skrini ikabadilika. Laki nne kwa miaka ishirini mipya. Katika rejesho la kwanza, deni lingepungua kwa elfu ishirini na nne.

"Unarudi kwenye makombo," alisema. "Kila mwezi utalipa kidogo. Ukijumlisha hadi mwisho utalipa milioni thelathini na sita zaidi kuliko ukiendelea hivi hivi."

Milioni thelathini na sita zilikaribia bei ya nyumba yenyewe. Fundi alikuwa na miaka arobaini na sita. Alijiona ana sitini na sita, mgongo umepinda juu ya kochi la mtu, bado anapakulia mgeni.

Kilichomuuma zaidi ni kwamba somo hilo alikuwa akilifundisha mwenyewe kila siku. Mteja akija karakana huuliza bei ya kitambaa, hupapasa kitambaa, hubishana juu ya kitambaa. Naye humwambia: kitambaa ndicho unachokiona, lakini utakachokalia kiko ndani. Miaka kumi iliyopita alifika benki akauliza rejesho ni kiasi gani kwa mwezi, akaambiwa, akaona analimudu, akashukuru. Alikuwa amepapasa kitambaa. Ndani hakubonyeza.

Aliweka kalamu mezani. Akauliza swali la mwisho kabla ya kuondoka: mtu akiamua kuongeza badala ya kupunguza, inakuwaje? Afisa alimjibu kwamba inaruhusiwa, ila aandike wazi kuwa nyongeza hiyo ni ya kupunguza deni, la sivyo itakaa kwenye akaunti kungojea rejesho linalofuata, na riba itaendelea kula kama kawaida.

Nyumbani alikuta mkewe bado hajarudi kutoka kwenye kibanda chake cha kusukia nywele. Alisimama jikoni. Umanjano ule, ambao kwa miaka miwili ulimfurahisha kila asubuhi, sasa ulionekana kama shati la kuazima. Alipiga hesabu aliyoiogopa njia nzima. Milioni nane katika arobaini ni moja ya tano. Chumba kimoja kati ya vitano.

Mkewe alimkuta hapo hapo.

"Jiko limekukosea nini, baba watoto? Unalitazama kama linakudai."

Alimsimulia yote, kuanzia ile simu. Hakuficha kwamba alikwisha kuishika kalamu. Mama mkwe, ambaye masikio yake hayakujua kustaafu, alitoka chumbani akaketi kwenye kigoda karibu na mlango. Aliposikia kwamba jiko si lao wala kijani chake si chao, aliguna.

"Kumbe nilikuwa nalala benki kichwa na miguu."

Mkewe alianza kucheka, akajizuia, kisha akashindwa. Fundi alijaribu kukasirika lakini kicheko kikamwingia naye. Walipotulia mama mkwe alisema wahenga hawakukosea, dawa ya deni kulipa. Fundi akajibu kwamba kumbe dawa yenyewe ina dozi, na yeye alikuwa anameza nusu kidonge.

Mkewe alikuwa akikipitisha kidole gumba juu ya kitambaa cha jikoni, kama afanyavyo anapomwekea mteja mistari kichwani kabla ya kuanza kusuka.

"Hicho chumba kimoja," alisema. "Ni kipi?"

"Kwa mpango wetu ni sebule. Ndiyo ya kwanza."

"Kwa hiyo sebule ni yetu kweli. Hakuna wa kutuuliza."

"Hakuna."

"Basi nieleze kwa nini nalipa laki moja kwa mwezi kupanga kibanda cha mtu, na mimi nina sebule iliyokwisha kulipiwa."

Fundi hakulitegemea hilo. Sebule ilikuwa fahari yake. Mle ndani ndimo yalimokuwa makochi aliyojitengenezea mwenyewe, ngozi ya kahawia, springi alizozifunga kwa mkono. Alitaja nywele zitakazoingia kwenye mito, mafuta, wageni wa kila saa, soga za wasusi zinazoanza asubuhi na kuisha giza likiingia. Mkewe alimwacha amalize.

"Wateja wangu hukaa saa tano kichwa kimoja," alisema. "Sasa hivi wanakaa kwenye viti vya plastiki. Wakikaa kwenye makochi yako saa tano, ni nani atakayerudi kwake akaridhika na la kwake?"

Mama mkwe alisema huyo ni mwanawe, na asiulizwe alikoipata akili hiyo.

Wiki hiyo hiyo walikwenda benki wote wawili. Karatasi ya kurefusha muda ilichanwa, ikaandikwa nyingine: laki moja ya nyongeza kila mwezi, ya kupunguza deni. Afisa aliingiza namba, akawaonyesha mwisho mpya. Deni lingekwisha karibu miaka mitatu kabla ya wakati wake, na zaidi ya milioni tisa hazingefika kwa mgeni. Walipoinuka, fundi alitoa futi yake mfukoni akakipima kiti alichokuwa amekalia. Afisa alimuuliza ni bei gani. Akamwambia aulize kwanza cha ndani.

Cherehani haikununuliwa. Ilifunguliwa, ikasafishwa, ikabadilishwa sehemu moja iliyolika, na sasa inaruka mishono siku za baridi tu. Wateja wawili wa kwanza kutoka sebuleni walikuja karakana kabla mwezi haujaisha, mmoja akiwa na misuko mipya kichwani, na wote wawili walibonyeza sponji kabla ya kuuliza bei ya kitambaa. Mkewe alikuwa amewafundisha.

Juu ya rangi walikubaliana hivi: jiko lisibanduliwe manjano yake, wala chumba cha mama mkwe kijani chake. Zitahesabiwa rangi za mkopo, na malipo yatazifikia. Kuanzia hapo chumba kingefuata deni badala ya miaka. Watoto waliuliza kinachofuata ni lini, na kwa mara ya kwanza fundi aliweza kuwajibu bila kudanganya: miaka minne mingine haitafika.

Jumapili alileta nyundo kutundika kioo kikubwa cha mkewe sebuleni. Aliuweka msumari ukutani, akaupiga mara moja bila kusita, na ukuta ukaupokea. Alisimama akiutazama kwa muda. Mkewe, aliyekuwa amekishika kioo, alimkumbusha kwamba ni kizito na yeye amechoka.

Kutoka chumbani mama mkwe aliita kwamba, hata kama misumari imesalia, yeye hahitaji wa pili.

Fundi aliuliza wa kwanza ni upi.

"Huu wa nyuma ya mlango, wa koti langu. Niliupigilia wiki ile tuliyohamia, mlipokwenda sokoni. Benki hawajawahi kuja kuuhesabu."