Gauni la Pazia pale Mkuyuni

Siku yangu ya kwanza kwenye karakana ya ushonaji pale Mkuyuni sikupewa mkasi. Fundi Mkuu, mwenye karakana, alinipa gauni kuukuu, akaniambia nilifumue lote. "Ukijua lilivyoungwa, utajua kushona." Ninyi mnaoanza sasa, jaribuni, kufumua kunafundisha kuliko maneno yangu.

Miaka ya tisini mitumba ilijaa mjini, wateja wetu wakahamia huko. Fundi Mkuu hakukubali hata kupunguza kiuno cha suruali ya mtumba. "Mimi nashona nguo, sirekebishi makombo." Mafundi wenzangu wakaondoka. Tukabaki wawili, naye akasema mwezi ukiisha hivi atafunga.

Ndipo Mama Neema, muuza dagaa jirani yetu, alipoingia na pazia la mtumba. Alitaka lishonwe gauni la binti yake la sherehe ya kuagwa kabla ya harusi.

"Shikamoo, fundi."

"Marahaba. Hilo pazia la dirisha gani?"

"Dirisha lina miguu miwili, fundi, na linaagwa Jumamosi."

Nilicheka, Fundi Mkuu hakucheka. Alilitandaza mezani, akaonyesha michirizi iliyochujuka kwa jua. "Nimvishe binti wa watu kitu kilichochoka?"

Nikaomba nikate mimi, akanisogezea mkasi. Nilikata mshazari, yaani unakilaza kitambaa upandeupande ili kinyumbulike mwilini. Michirizi ikateremka kutoka begani hadi kwenye pindo, kama mvua inayoonekana mbali ziwani. Bitana, kile kitambaa cha ndani, nikaipata kwenye pazia hilohilo.

Neema alipoingia ukumbini, kina mama waliinuka kumshika gauni. Jumatatu benchi letu lilijaa wateja wenye mapazia. Karakana ikapona.

Hapo ndipo nilipochanganyikiwa. Baadhi yao walirudi kila wiki na pazia jingine, ilhali gauni la juzi halijavaliwa. Fundi Mkuu akaniuliza, "Mwanangu, tunashona au tunalisha tamaa?"

"Si na sisi tunakula humohumo, baba?"

Akaendelea kutunga uzi kwenye sindano.

Sasa nimestaafu. Mafundi vijana wakinitembelea Buhongwa nawaambia: mteja akileta kitambaa, muulizeni kwanza nguo ataivaa wapi. Atakayewasimulia kwa furaha, msikilizeni vizuri. Mikono yenu itaamka. Wapo watakaosema, "Wewe shona tu." Hao nao niliwashonea, tena vizuri, na mpaka leo sijui kama ningepaswa kuwarudisha na mapazia yao.