Mvua na madirisha ya mama

Leo barazani mvua imemsaidia mama kuliko mimi mtoto wake.

Wapangaji wetu hapa Katesh ni ofisi moja ya serikali, ya mambo ya ngano. Hawalipi kodi, mama kawashtaki. Kila akienda kudai, bosi wao anamuangalia tu. Hata shikamoo hampi, na ni kijana mdogo kabisa.

Leo kasimama mbele ya mwenyekiti wa baraza bila aibu:

"Mheshimiwa, ile nyumba tulishahama. Huyu mama hatudai kitu."

Mama kanigeukia niseme neno. Nyie mnanijua. Mbele za watu mdomo wangu unaganda. Nikaangalia chini.

Mara mvua ikapiga mabati. Ile ya kwetu, ya kuziba masikio.

Bosi akaanza kuhangaika. Kamnong'oneza dereva wake, dereva hasikii. Karudia, wapi. Mwisho akapaza sauti:

"Kafunge madirisha, mbegu zinalowa!"

"Ya wapi, bosi?"

"Si pale kwa huyu mama!"

Baraza zima limesikia.

Mwenyekiti kaweka kalamu chini. "Kwa mama yupi, ndugu?"



Mama ndiye kajibu, taratibu tu: "Kwangu, mheshimiwa. Na dirisha la uani halifungi, aweke gunia."

Mwenyekiti kaamua walipe kodi yote.

Tulivyotoka, bosi kamfuata mama kwenye matope, kainamisha kichwa.

"Shikamoo, mama."

Mama kafungua mwavuli, kaenda zake.

Tangu nizaliwe sijaona mama anamnyima mtu marahaba. Nyie mngeitikia?