Wakili Elinipa na Shahidi wa Kibuta

Jambo la kwanza nililoliona kwa Wakili Elinipa Mchomvu ni kwamba alimwamkia mshtakiwa. Tulikuwa kwenye baraza la mahakama ya wilaya, Kisarawe, na mimi ndiyo kwanza nimeanza mafunzo ya vitendo katika ofisi yake ya mashtaka ya Kibaha. Mzee Halidi, mwanamume anayekaribia miaka sitini, alikuwa ameketi kwenye benchi akisubiri kesi yake iitwe, maana yuko nje kwa dhamana. Wakili Elinipa, jalada la kumshtaki likiwa mkononi mwake, alisimama mbele yake.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba," alijibu Mzee Halidi, kisha akamgeukia wakili wake wa utetezi kama anayeuliza iwapo ametegwa.

Tulipoingia ndani nilimuuliza kwa nini amefanya vile.

"Nimemshtaki kwa kuchoma nyumba," alisema huku akifungua jalada. "Sijamshtaki kwa kunizidi umri."

Wakili Elinipa ni mzaliwa wa Same. Alikuja Kibaha akiwa bado bibi harusi, mke wa Ponsiano, fundi wa mitambo ya maji kule Ruvu, na mpaka leo wanaishi mtaa wa Sofu. Ukimuuliza kwa nini akawa mwendesha mashtaka hatakupa hotuba. Atakwambia alitaka kuwa wakili wa kujitegemea avae suti nzuri, lakini ajira ya serikali ikawahi kufika, naye alipoionja kazi hakutaka tena kuiacha. Jioni akipita dukani kwa Margareth, jirani yake, swali ni lilelile.

"Wakili, leo umemfunga nani?"

"Nimefunga ofisi tu, jirani. Nipe mkate."

"Basi kesho mfunge mume wangu, hata wiki moja, nipumzike."

"Lete shahidi."

Margareth hucheka, lakini Wakili Elinipa husema neno hilo kwa uzito wake. Katika miaka yake ya mwanzo alishindwa kesi ya wizi wa nyavu kule Ruvu, kesi aliyokuwa na hakika nayo. Shahidi wake, mvuvi aitwaye Shabani, alimfahamu mwizi vizuri. Nyumba zao zilitazamana. Alipopanda kizimbani akamtazama hakimu, akasema mtu yule hamjui kabisa. Mshtakiwa akaachiwa. Nje, Wakili Elinipa alimuuliza kwa hasira amepatwa na nini.

"Yule aliyekaa juu amenichukia," Shabani alijibu. "Nasema, haniangalii. Anaandika tu."

Wakili Elinipa hakumlaumu tena. Hakimu huandika maelezo ya shahidi kwa mkono wake, neno kwa neno, lakini mtu ambaye hajawahi kuingia mahakamani atajuaje? Tangu hapo, kila shahidi wake mwoga hupelekwa kwanza kwenye chumba cha mahakama kikiwa kitupu. Huonyeshwa mlango, kizimba, na kiti cha hakimu. Huambiwa: "Akiinamisha kichwa usiogope. Hapo ndipo anakusikiliza." La kusema mbele ya hakimu hafundishwi.

Utaratibu huo umempa sifa Kibaha hadi Kisarawe. Lakini haukumsaidia katika kesi ya Mzee Halidi, kwa sababu shahidi mwenyewe alikataa hata kuukaribia mlango wa mahakama.

Kesi ni hii. Mwanamkuu ni mjane wa Kibuta. Mumewe, ambaye alikuwa mdogo wake Halidi, alifariki akamwachia nyumba ya makuti na shamba la mikorosho. Eda ilipokwisha, Halidi alimwambia arudi kwao. Mwanamkuu akagoma. Wiki haikuisha, nyumba ikateketea wakati yeye amekwenda kisimani. Aliyemwona Halidi akitoka nyuma ya nyumba ile na dumu la mafuta ya taa ni mtu mmoja tu: Bi Zuwena, mama mzazi wa Halidi. Bibi huyo aliwaeleza polisi siku ileile.

Siku ya kutoa ushahidi ilipofika, Wakili Elinipa alihofia kuwa bibi atakosa usafiri, akaomba gari la polisi likamchukue. Lilikuwa kosa, na yeye mwenyewe hulitaja bila kuzunguka. Kijijini gari la polisi halimfuati bibi wa watu kwa wema. Waliokuwa shambani walikuja mbio wakisema Bi Zuwena amekamatwa. Wengine wakasema amemuuza mwanawe. Bibi akajifungia ndani, gari likarudi tupu. Baada ya hapo ukoo ulikaa, ukaamua kwamba moto ule ulikuwa kazi ya shetani, watu wakasoma Fatiha na kusameheana. Katika kusameheana huko, Mwanamkuu akatakiwa awe ameondoka kabla ya msimu wa korosho.

Hakimu alitoa ahirisho la mwisho. Shahidi asipofika tena, kesi inaanguka, na hapo hakuna atakayemzuia Halidi kumwondoa mjane yule.

Safari hii Wakili Elinipa hakuomba gari. Tulipanda bodaboda hadi Kibuta, yeye akiwa amejitanda kanga. Tulimkuta Bi Zuwena mkekani akimenya mihogo. Wakili alimwamkia, akaketi, akaomba kisu, akaanza kumenya naye. Hakutaja kesi.

"Unamenya kama mtu wa bara," bibi alisema baada ya muda. "Maganda yako yanaondoka na nusu ya muhogo."

"Kwetu tunamenya ndizi, mama."

"Ndiyo maana." Akamenya mwingine. "Najua kilichokuleta. Mambo yamekwisha, mwanangu. Tumesoma Fatiha."

"Ya nyumbani yamekwisha, mama. Ugomvi mdogo hata mahakama inakubali watu wapatane. Kuchoma nyumba, hapana. Hii kesi ni ya Jamhuri."

"Huyo Jamhuri amekasirika sana?"

"Sana."

"Basi mleteni hapa nimpikie muhogo wa nazi, tumwombe radhi."

Wakili Elinipa alicheka mpaka akaweka kisu chini. Kisha akasema taratibu, "Jamhuri analala kwa jirani, mama. Nyumba yake imeungua."

Bi Zuwena aliutazama ua wa jirani, ambako kanga za Mwanamkuu zilikuwa zimeanikwa.

"Halidi akifungwa, mimi nani atanizika?"

"Siwezi kukuahidi hukumu, wala siwezi kukwambia useme nini. Ninakuomba uje useme ulichokiona. Kama hukuona, sema hukuona, nami nitarudi zangu Kibaha."

"Nimeona," bibi alisema kwa ukali. "Wananiambia ninyamaze kwa ajili ya mwanangu. Nilikuwa na wawili. Mmoja yuko kaburini na mkewe anafukuzwa. Ninyamaze kwa ajili ya mwana yupi?"

Alimaliza kumenya, akafuta mikono, akauliza hiyo mahakama ina ngazi ngapi, maana magoti yake si ya kuaminika.

Leo alasiri alikuja mwenyewe, akisindikizwa na mjukuu wake. Chumba kilikuwa kitupu. Wakili Elinipa alimwonyesha kiti cha hakimu na kumweleza habari ya kuandika. Bibi alisikiliza, kisha akauliza, "Halidi atakaa wapi?"

"Pale."

"Nitamwona?"

"Utamwona, naye atakuona."

"Basi nisogezeeni kiti. Jicho la kushoto halifiki huko."

Tukasogeza. Aliketi, akapatazama mahali pale patupu, akatikisa kichwa kukubali. Usiku huu amelala kwa mjukuu wake, hapa hapa mjini Kisarawe. Wakili Elinipa naye ameshalala, chumba cha pili katika nyumba ya wageni tuliyofikia, na ameniambia nifanye hivyo hivyo, kwa sababu kesho kesi yetu ndiyo ya kwanza kuitwa.

Mwanamkuu amenipigia simu sasa hivi kutoka Kibuta, akitaka kujua mlango wa mahakama hufunguliwa saa ngapi. Nimemwambia saa mbili. Amesema saa moja atakuwa ameshafika.