Dakika Saba za Bawabu

Kila mtu pale benki ya ushirika alimwita Komeo, naye akaitika. Miaka ishirini na mbili alikuwa bawabu: kufungua, kufunga, kufuta vumbi kwenye kaunta, kubadilisha betri ya saa ya ukutani. Hiyo kazi ya mwisho ndiyo iliyomponza.

Zamani, kabla magoti hayajaanza kumgomea, makarani walikuwa na ugonjwa wa kuchelewa. Meneja wa wakati ule alifoka, akaandika barua, wapi! Asubuhi moja Komeo akapanda kiti, akausukuma mshale mrefu mbele dakika saba. Hakumwambia mtu. Makarani wakaanza kuwahi huku wanahema, na yeye anacheka peke yake nyuma ya mlango. Meneja alihamishwa, makarani wakastaafu, wakaja wengine. Saa ikabaki na uongo wake, na kila akiitia betri mpya Komeo aliirudishia saba zake, kwa mazoea tu.

Basi ukaja uchaguzi wa bodi. Kanuni ya ushirika wao ilisema mlango unafungwa saa nne kamili, na aliye nje hapigi kura. Komeo akainua macho ukutani, akaona saa nne, akafunga. Kule nje ndiyo kwanza washonaji tisa wa sokoni, wanachama wote, wanafika kwa mkupuo.

"Fungua, baba! Bado mapema!" Aliyegonga alikuwa fundi wao mkuu, mama mmoja mwenye futi ya kupimia shingoni. "Simu yangu inasema bado dakika saba!"

"Saa ya benki ndiyo saa," Komeo akajibu kutoka ndani, kwa kile kiburi kidogo cha mwenye ufunguo.

Shemeji yake, kaka wa mkewe, akashinda uenyekiti wa bodi kwa tofauti ya kura nne tu. Washonaji tisa wakaenda mahakamani, wanataka uchaguzi urudiwe.

Siku mbili mashahidi walipanda na kushuka. Wote waliokuwa ukumbini waliapa kwamba mlango ulifungwa saa nne, na hakuna aliyedanganya, maana waliiona saa kwa macho yao. Wakili wa benki akawa anatabasamu. Siku ya tatu ilikuwa zamu ya Komeo, na jioni ya kuamkia siku hiyo alikuwa anakigeuzageuza tu chakula sahanini.

"Baba watoto, mbona hutafuni?" mkewe akauliza, akichambua mchele wa kesho.

Akamweleza yote.

"Miaka yote hiyo! Kumbe ndiyo maana kila nikikuletea chakula naambiwa nimechelewa!" Akacheka, kisha kicheko kikamkatika. "Na kaka yangu je?"

"Ndiyo hapo sasa."

"Jamani, usimtoe kaka yangu kwenye kiti kwa sababu ya mshale." Akatoa kijiwe mcheleni, akakitupa. "Lakini wale washonaji walifika?"

"Walifika."

Akauweka ungo chini. "Vaa lile shati jeupe," akasema. "Nitalipiga pasi."

Kizimbani wakili alimuuliza swali moja tu: alifunga saa ngapi?

"Saa nne ya ukutani." Wakili alikwishaanza kukaa. "Ila ile saa inadanganya, mheshimiwa. Mimi ndiye niliyeifundisha."

Watu wakaangua kicheko. Shemeji hakucheka. Hakimu akamtuma karani wake benki na saa ya mkononi, naye akarudi na jibu: dakika saba, bila kuzidi wala kupungua. Uchaguzi ukafutwa.

"Ungeniambia mimi kwanza," shemeji akamwambia nje, kwenye ngazi.

"Ningekwambia ungenishauri, shemeji. Na wewe unajua kushauri."

Mwezi mzima shemeji hakukanyaga kwao. Meneja wa sasa naye alimpa Komeo barua ya onyo; Komeo akaikunja, akaitia mfukoni.

Siku ya marudio Komeo aliirekebisha saa mbele ya yule fundi mkuu, naye ameshika simu yake mkononi.

"Haya, imetubu?"

"Imetubu, mama."

Zikabaki dakika tatu mlango ufungwe. Ukumbi ulijaa, ila shemeji alikuwa amekwenda kumchukua mama yake, naye mwanachama, mzee wa fimbo. "Funga bwana, tumetimia!" mtu akapiga kelele.

"Bado," Komeo akasema, mkono kwenye ufunguo. Akawaona wanakata kona, hatua kwa hatua. Hakuwaita wala hakuwafuata. Walipofika kizingitini ilibaki dakika moja. Shemeji akaitazama saa, midomo ikicheza kama anayepiga hesabu.

"Kwa ile ya zamani..."

"Ungekuwa nje unagonga. Ingia, mama anachoka."

Shemeji akampa mkono. Saa nne kamili Komeo akafunga.

Shemeji alishindwa kwa kura mbili. Wiki iliyofuata akaja nyumbani, akaketi, akaomba chai, akaitazama saa ya sebuleni kwa jicho la pembeni.

"Na hii je?"

"Hiyo ni ya dada yako," Komeo akasema. "Muulize mwenyewe."