Masikio Yalipougua, Eliasi Akavaa Hedifoni Zangu

Wapendwa, leo nawasikia wote, hata wanaonong'ona kule nyuma. Haikuwa hivi.

Mnanijua, napiga tarumbeta hapa kanisani Chome. Kila Jumapili baada ya ibada, mimi na mke wangu, Mama Neema, tulikuwa tunasikiliza muziki wa filamu, ule unaopigwa na okestra nzima. Eliasi, mpigaji mwenzangu, alituletea mafaili ya muziki yasiyobanwa kupunguza ukubwa, mazito, yanayojaza simu. Ukivaa hedifoni nzuri unamsikia hata mpiga filimbi akivuta pumzi. Simu moja, hedifoni mbili, mimi na mke wangu.

Kisha nikapata mafua makali. Sikio la kulia likauma, la kushoto likafuata. Jirani akanielekeza kutia mafuta ya kitunguu saumu, nikatia. Usaha ukatoka unanuka, mto unalowa. Hospitali sikwenda, nilisema yatakauka yenyewe. Yalikauka kweli, na mimi nikabaki sisikii.

Eliasi akaanza kuvaa hedifoni zangu. Nilimwona yeye na mke wangu wamefumba macho, wanatabasamu pamoja, nikaona wivu. Jumapili moja nikamvua hedifoni hizo. Nikavaa mwenyewe, nikafumba macho, nikatikisa kichwa kama mtu anayesikia. Nilipofumbua, wananitazama. Mke wangu alikuwa ameuzima muziki kitambo.

Akaniinamia sikioni, akapaza sauti: "Baba Neema, kesho tunateremka Same, hospitali."

Daktari alichungulia kwa tochi yake. "Ngoma za masikio zote mbili zimetoboka," akasema kwa nguvu. "Nani alikwambia utie mafuta?" Nikapelekwa Moshi, nikapasuliwa na kuzibwa tundu la ngoma ya sikio moja, baadaye la pili. Nilipata kizunguzungu, nikatapika, nikaoga bila kulowesha kichwa. Kupenga kamasi marufuku. Asubuhi moja nikasikia maandazi yakikaangwa jikoni, nikalia.

Namshukuru Mungu, madaktari na mke wangu. Eliasi pia namshukuru, ingawa kwa shida. Ndugu zangu, sikio likiuma usitie kitu, nenda hospitali mapema.

Kuna muziki mmoja waliousikiliza wao wawili mimi nikiwa kiziwi. Mama Neema anasema ndio mzuri kuliko yote. Kila akitaka tuusikilize, namwambia daktari hajaniruhusu kuvaa hedifoni. Mama Neema, aliruhusu zamani. Leo tukitoka hapa, tuuweke.

Eliasi, wewe usije.