Jinsi Nilivyomwigiza Mkubwa wa Bariera

Huko Masisi tulikuwa vijana wanne, na tulipiga roki wakati kila mtu alitaka rumba. Mimi nilikuwa mpiga gitaa na mwimbaji. Mfanyabiashara mmoja wa Butembo, mwenye baa katika mji wa Mubi, alitupakia kwenye lori lake, juu ya magunia ya maharagwe, twende tukawapigie wachimba madini.

Tulipiga majuma mawili. Kisha vita vikafunga barabara nyuma yetu. Askari waliosimamisha bariera, kizuizi cha barabarani, kwenye njia ya kutokea mjini walichukua jenereta na ampli ya gitaa. Wenzangu walitoroka kupitia porini. Mimi nilikuwa nimelala na malaria, na nilipopona hakuna aliyeruhusiwa tena kutoka.

Gitaa la umeme bila umeme ni ubao tu. Mke wa mfanyabiashara, aliyeongoza kikundi cha maigizo cha parokia, aliniona nikizunguka uani kwao kama mbuzi aliyefungwa kamba.

"Kaka, sauti uko nayo. Kuya utuchezee shefu ya askari."

Nilimwangalia mkubwa wa bariera siku kadhaa: anavyoburuta mguu wa kushoto, anavyonusa vitambulisho kabla ya kuvisoma. Jumapili baada ya misa nilimwigiza. Watu walicheka hadi machozi. Ndipo nikamwona mkubwa mwenyewe ameketi benchi la mbele. Yeye hakucheka.

Kesho yake aliniita.

"Nani alikuambia miye natembeaka vile?"

"Hakuna muntu, Shefu. Niliangalia tu."

"Fanya tena."

Nikafanya. Askari wake wakacheka, na safari hii naye akacheka. "Utakuya kila asubui," akasema. "Batu yangu iko na huzuni. Na usijaribu kutoka Mubi."

Nilikwenda kila asubuhi, miezi na miezi, nikimwigiza mtu aliyenifungia njia. Askari walimtemea mama mmoja mate pale mbele yangu, na mimi nikaendelea kuchekesha. Aibu hiyo ninayo hadi leo. Chumbani nilijikuta nikiburuta mguu, peke yangu, bila mtazamaji.

Siku moja alihamishwa. Askari wapya hawakunijua. Mke wa mfanyabiashara alinipa ndizi za kuchoma na kusema, "Njo leo utoke. Ao leo ao hapana."

Nilipita bariera kama mkulima, jembe begani. Nilitembea hadi Itebero, na mbele zaidi, miguu ikavimba. Gitaa nilimwachia mke wa mfanyabiashara.

Nilipofika nyumbani Masisi, mama alinishika mashavu akaniuliza mbona naburuta mguu.

Sasa naigiza katika michezo ya redio, na watu wananijua kwa michezo hiyo kuliko kwa roki. Redioni hakuna anayeona miguu yangu. Wakiniletea nafasi ya askari, naikataa. Nawaambia wanipe baba, mlevi, hata mchawi.