Miaka Kumi na Miwili ya Kuchezesha Midomo

Kila Jumapili saa tisa alasiri Oriella Zanfini alipanda jukwaani katika ukumbi wa Aurora, akashika kipaza sauti, akafungua mdomo, na sauti iliyotoka haikuwa yake. Au tuseme ilikuwa yake, ila ya zamani. Ilikuwa sauti ya mwanamke wa miaka arobaini na tisa, nyororo, inayopanda juu bila kuhema, na yeye sasa alikuwa na sitini na mmoja. Ilitoka kwenye kompyuta iliyofichwa nyuma ya ngoma. Kazi ya Oriella ilikuwa kuchezesha midomo.

Mtu asiharakishe kumlaumu. Orkestra ya Bassi, siku marehemu Amedeo Bassi alipoianzisha, ilikuwa na watu kumi na mmoja waliovaa makoti mekundu, na mpiga klarineti aliamkiwa njiani kabla ya daktari. Huku kwetu Italia, kila kijiji kati ya Lugo na Ravenna kilikuwa na ukumbi wake wa dansi. Kijana alijifunza kumzungusha msichana kwenye valsi bila kumkanyaga, ndipo akathubutu kwenda kuongea na baba yake. Leo kumbi zile zinauza matairi na chakula cha mbwa. Mashamba ya mipichi yameng'olewa. Vijana wakitaka kucheza huenda mahali penye giza, kila mmoja akaruka peke yake kama mtu aliyekanyaga siafu, halafu wanasema wamefurahi. Amedeo alipofariki, mwanawe Learco alirithi kodiani, gari na jina. Alibakiza watu wanne, naye mwenyewe akiwa ndani ya hesabu hiyo, na nafasi za wengine akaipa kompyuta.

Nafasi ya Oriella ilichukuliwa kwa njia nyingine. Mwaka ule aliota vinundu kooni, akapasuliwa, akaambiwa asiseme neno kwa mwezi mzima. Learco alikuwa na nyimbo zake zote alizokwisha kuzirekodi. "Tutazitumia mpaka upone," alimwambia. Akapona. Lakini sauti iliyorudi ilikuwa ya chini, yenye mikwaruzo, kama mlango wa ghala unaosukumwa na mtu asiye na haraka. Learco aliisikiliza mara moja tu, garejini kwake, akakuna kidevu.

"Dada Oriella," akasema, "tuendelee na ile kwa muda kidogo."

Muda kidogo ukawa miaka kumi na miwili. Katika miaka hiyo Oriella aliacha kuimba hata jikoni. Mumewe alikuwa amekwisha kufa, nyumba ilikuwa na vyumba vitatu na ukimya, na kila mara alipojisikia anataka kuimba, alikohoa badala yake. Alijiona mwizi, na aliyeibiwa ni yule mwanamke wa kwenye kompyuta. Zaidi ya hayo aliishi na hofu: siku watu wa Aurora watakapogundua kwamba wamedanganywa, atapita wapi? Wale ni watu waliomjua tangu msichana. Walimletea keki siku ya msiba.

Siku za kazi alipiga pasi katika duka moja la dobi mjini Lugo, redio ikiwa juu ya kabati. Huko ndiko wimbo mmoja ulikomkuta. Ulikuwa wa msichana mmoja wa Milano, wa kizazi hiki kinachopiga picha kahawa kabla ya kuinywa. Mwimbaji anasema kwamba amefika kwenye lango la shule ya watoto wadogo, mvua inanyesha, watoto wote wamekwisha kuchukuliwa, amebaki mmoja tu kwenye benchi na mkoba wake mapajani. Mtoto huyo ni yeye mwenyewe. Kisha kiitikio: *Nimekuja kujichukua, samahani nimechelewa. Nipe mkono twende nyumbani, leo sikugombezi.*

Mara ya kwanza Oriella aliguna. Enzi zake mtu aliimbiwa na mtu mwingine, chini ya dirisha, na kama hakuna aliyekuja alinyamaza na kulala. Kujipenda mwenyewe kulikuwa jambo la matajiri na paka. Mara ya tatu hakuguna. Mara ya tisa alisahau pasi juu ya ukosi wa shati la wakili mmoja, moshi ukapanda, na bibi mwenye duka akapiga kelele kutoka nyuma, "Oriella, unachoma mtu?"

Mwishoni mwa Oktoba, mzee Guerrino, mpiga klarineti, alileta koti lake jekundu linyooshwe. Alikuwa na miaka sabini na tisa na bado alipuliza kwa pumzi yake mwenyewe, jambo alilomkumbusha Learco kila alipopata nafasi. Akasimama mlangoni katikati ya mvuke.

"Nani anaimba humo?"

"Redio," Oriella akajibu.

"Redio imezimwa, binti. Naiona kutoka hapa."

Oriella akaweka pasi chini. Uso ulimwaka kama aliyefumaniwa. "Ni mikwaruzo tu, mzee. Nilikuwa nasafisha koo."

"Ulikuwa unasafisha koo kwa beti mbili na kiitikio?" Guerrino akavuta kiti, akakaa bila kukaribishwa. "Sikiliza. Miaka kumi na miwili napuliza kando ya mzuka. Nikichelewa kidogo, hauningoji. Nikitaka kukaza mwendo, haunifuati. Marehemu Amedeo angetutupa mtoni sote, na kompyuta juu yetu. Hiyo sauti niliyoisikia sasa hivi, hiyo naweza kuisindikiza. Umezeeka, na mimi nimezeeka. Tatizo liko wapi?"

Tatizo lilikuwa Learco. Jumatano yake, kwenye mazoezi garejini, Oriella alimwomba wimbo mmoja tu, huo wa lango la shule, na auimbe yeye, sio mashine. Learco aliweka kodiani juu ya magoti akacheka, ingawa hakuwa na raha.

"Wimbo wa kujipenda? Kwenye ukumbi ambao watu huingia wawili wawili? Watachezaje, kila mtu ajikumbatie mwenyewe?"

"Wachezaji hawachezi maneno, Learco. Wanacheza mwendo."

"Na mwendo wake ni upi? Ule ni wimbo wa kwendea posta, si wa kuchezea."

"Nitaugeuza valsi," Guerrino akasema kutoka kwenye pembe yake, bila kuinua macho. "Nimekwisha kuanza."

Learco akaacha kucheka. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu aliyerithi kitu kinachokufa na kuambiwa akilinde. "Nyinyi hamfikirii," akasema kwa sauti ya chini. "Akifungua mdomo wake wa leo, watajua. Watauliza, na zile Jumapili nyingine zote? Baba alijaza watu mia nne. Mimi nina sabini, nusu yao wana magoti ya chuma. Nikipoteza hao sina tena orkestra, nina gari tu." Akamtazama Oriella. "Haya. Wimbo mmoja, sikukuu ya San Martino, Novemba. Sakafu ikibaki tupu, Jumapili inayofuata gari halisimami mlangoni kwako. Nitatafuta msichana mwenye midomo."

Oriella akasema sawa.

Guerrino aliandika valsi ile kwa mkono, kwa wino, kwenye karatasi zenye mistari mitano, kama zamani. Aliishusha chini mpaka mahali ambapo sauti ya Oriella ilikaa bila kujivuta. Hakuna aliyewahi kumshushia wimbo. Nyimbo za Amedeo zilikuwa zimewekwa juu ili klarineti ing'ae, na mwimbaji alipanda hukohuko, apende asipende. Mara ya kwanza walipofanya mazoezi wawili tu, ndani ya duka la dobi lililofungwa mchana, Oriella aliimba mpaka mwisho kisha akauliza, "Basi? Hivyo tu? Haiumi?"

"Haikupasa kuuma," mzee akasema.

Siku ya San Martino ikafika, na divai mpya na kokwa za chestnati zilizochomwa, na madirisha ya Aurora yameingia ukungu. Pale Aurora dansi huenda kwa mafungu ya nyimbo tatu tatu: valsi, mazurka, polka, halafu watu wanapumzika. Na hakuna anayekanyaga sakafu kabla ya Tonina na Delmo Fabbri, mtu na mkewe waliofungua kila dansi kwa miaka arobaini na kugombana katika kila moja. Tonina akikaa, wote wanakaa. Orkestra iliyoachiwa sakafu tupu siku ya sikukuu husimuliwa mpaka Pasaka.

Mafungu mawili ya kwanza yalikwenda kama kawaida, mwanamke wa kwenye kompyuta akiimba na Oriella akichezesha midomo. Baada ya hapo Learco aliinama nyuma ya ngoma akazima kompyuta. Ukimya wa mashine ile ulisikika ukumbi mzima, kama friji inapokatikiwa na umeme. Guerrino akapuliza kianzio. Oriella akavuta pumzi, na akaingia.

Vichwa viligeuka vyote pamoja. Sauti ya ghala ilitembea juu ya meza, juu ya glasi, juu ya sahani za maganda ya chestnati. Hakuna aliyeinuka. Ubeti wa kwanza ukaisha, sakafu inang'aa tupu, na Oriella akaona kwa pembe ya jicho kidole cha Learco kikirudi taratibu kwenye kitufe.

"Oriella!" akaita mzee mmoja wa meza za nyuma. "Umeshikwa na mafua?"

Wengine wakacheka. Hapo angeweza kukohoa, akaonyesha koo, akamwachia yule mwanamke mwingine amalizie, na hakuna ambaye angemlaumu. Akaondoa kipaza sauti mdomoni, klarineti ikirudia palepale ikimngoja.

"Sina mafua," akasema. "Hii ndiyo sauti yangu. Ile mliyokuwa mnaisikia ni ya kompyuta. Tangu nilipopasuliwa."

Tonina Fabbri akasimama. Mwanamke mfupi, mpana, viatu vya dansi vimefungwa kwa utepe. Akaweka mikono kiunoni.

"Kwani mlidhani sisi ni mabubu na viziwi?" akasema. "Wewe mwanamke ulipiga chafya hapohapo ulipo, mwaka wa pili wa mambo hayo, katikati ya mazurka, na wimbo ukaendelea! Delmo akakuambia 'afya' kwa sauti. Ukasema asante, na bado wimbo unaendelea!"

Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Learco, juu ya jukwaa, akawa mwekundu kuliko koti lake.

"Na hamkusema?" Oriella akauliza.

"Tuseme nini? Tulidhani daktari amekutolea sauti yote, umebaki na ya kuombea chumvi. Nani angekutia aibu? Tukasema mwacheni maskini, maadamu anakuja." Tonina akamgeukia mumewe. "Delmo, inuka."

"Wimbo gani huu? Siujui," Delmo akanung'unika, mdomo umejaa chestnati.

"Ni valsi. Una masikio ya kuhesabu tatu au nayo yamekwenda?"

"Ngoja nimeze."

"Basi meza. Mimi naenda."

Akaenda peke yake. Akafika katikati ya sakafu, akainua mikono kana kwamba kuna mtu ndani yake, akaanza kuzunguka, na kila mtu akasahau kuvuta pumzi, maana jambo kama hilo halikuwa limepata kuonekana Aurora. Oriella akarudi kwenye kiitikio, *nimekuja kujichukua*, sauti ikakwaruza, akaiacha ikwaruze. Alipomaliza mstari wa pili Delmo alikuwa amekwisha kufika mbio, anafuta vidole kwenye suruali. "Unaniaibisha, mwanamke!" "Shika mgongo, acha maneno." Nyuma yao wakaingia akina Ricci, kisha wajane wawili wa barabara ya kanisani walioshikana kama kawaida yao, na kabla ya ubeti wa mwisho hapakuwa na pa kugeukia. Magoti ya chuma na yote.

Guerrino alikaza, Oriella akakaza naye. Alichelewa, klarineti ikamngoja. Ulipoisha walipiga makofi kidogo tu, kwa sababu watu wa kwetu hawapigi makofi sana, wanarudi kwenye divai. Lakini walirudi wakihema.

Learco alisogea karibu naye, kodiani kifuani. "Umeniua na umenifufua," akamnong'oneza. "Sasa fungu linalofuata?"

"Naimba mimi. Na mnishushie."

"Hatuna karatasi za chini, Oriella. Nyimbo za baba zote ziko juu."

"Wino ninao," Guerrino akasema, akitikisa mate kwenye klarineti yake. "Cheza polka kwanza, tukae kidogo."

Basi wakapiga polka isiyo na maneno, na Oriella akashuka jukwaani. Akaenda kwenye meza ya vinywaji akaagiza maji ya uvuguvugu. Koo lilimchonyota. Miaka kumi na miwili halikuwa na sababu ya kuchonyota, na alilisikiliza kwa mapenzi, kama mtu anayesikiliza mvua baada ya kiangazi.

Tonina akamfuata, jasho linamtiririka shingoni, anajipepea kwa sahani ya karatasi.

"Nikuambie kitu, Oriella, na usinune."

"Niambie."

"Ubeti wa pili ulipotea. Uliingia chini ya klarineti, halafu ukaipanda kwa haraka kama mtu aliyekosa ngazi. Delmo alikanyaga kidole changu kwa sababu yako."

Oriella alimtazama. Yule wa kwenye kompyuta hakuwahi kupotea ubeti hata siku moja, wala hakuna aliyewahi kumwendea mezani kumsahihisha. Kicheko kilianza tumboni, kikapanda, kikatoka na mikwaruzo yake yote, mpaka ikabidi aweke glasi chini.

"Ni kweli," akasema akijifuta macho. "Ulipotea kabisa. Jumapili ijayo nitaurekebisha."